Picha ya Bure Katika Zama za King'amuzi

Usiku wa kuamkia Januari Mosi 2013 mitambo ya televisheni ya analojia ilizimwa Dar es Salaam. Nyumba zilizokwisha kununua king'amuzi ziliingia mwaka mpya na picha safi. Ambazo hazikuwa nacho zilibaki na chenga na mvumo, kwenye televisheni zile zile zilizoonyesha taarifa ya habari jioni hiyo. Hakuna kilichoharibika ndani ya televisheni hizo. Yaliyobadilishwa ni mawimbi yanayopita juu ya paa, na kuanzia saa hiyo kuyanasa kulihitaji kifaa kingine, ambacho mwenye nyumba alitakiwa akinunue mwenyewe.

Dodoma na Tanga zilifuata mwishoni mwa Januari, Mwanza mwishoni mwa Februari, Moshi na Arusha mwezi Machi, Mbeya mwezi Aprili. Awamu ya pili ilianza mwaka 2014 na kupita Singida, Tabora, Musoma, Bukoba na miji mingine. Ilipofika Juni 17, 2015, siku ya mwisho iliyokubaliwa kimataifa, Tanzania ilikuwa haina presha. Tulikuwa wa kwanza kuanza kuzima analojia katika bara hili kusini mwa Sahara, ukiacha visiwa kama Mauritius. Mamlaka ya Mawasiliano, TCRA, iliyokuwa ikiongozwa na Profesa John Nkoma, ilistahili sifa ilizopewa, maana kazi hiyo ina mahali pengi pa kukwama. Afrika Kusini, yenye uchumi mkubwa kuliko wetu mara kadhaa, imesogeza tarehe yake miaka nenda rudi. Machi 2025, siku chache kabla ya mitambo kuzimwa, Mahakama Kuu ya Pretoria iliizuia serikali baada ya kituo cha e.tv na wenzake kulalamika kwamba kaya nyingi maskini zingeachwa gizani.

Mimi sina ugomvi na dijitali. Ninachotaka ni tuipime kwa kipimo tofauti na kile cha nani aliwahi kufika. Kipimo changu ni hiki: mtu ambaye mwezi huu hana pesa ya kifurushi, bado anaona taarifa ya habari? Bado anamwona waziri akijibu swali la bajeti, anasikia tahadhari ya mafuriko, anatazama mdahalo wa wagombea? Zamani jibu lilikuwa rahisi. Aliyekuwa na televisheni na umeme alikuwa na kila kilichorushwa. Siku hizi kati yake na picha kumesimama kifaa, kadi, namba ya kadi, na mara nyingi kampuni inayopata faida pale tu anapolipa.

Wasiokumbuka huenda wakadhani televisheni ya analojia ilikuwa nasi tangu enzi za babu. Zanzibar ilikuwa nayo tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, tena ya rangi, wakati sehemu kubwa ya Afrika ilikuwa haijaiona rangi kwenye kioo. Tanzania Bara ilingoja hadi 1994, vituo binafsi kama ITV vilipoanza kurusha. Televisheni ya Taifa, TVT, ambayo baadaye ikawa TBC1, ilianza mwaka 2000. Kwa hiyo mtoto aliyezaliwa mwaka ITV inaanza alikuwa na miaka 18 tu mitambo ya analojia ilipozimwa Dar es Salaam. Kwa watu wa Bara, kipindi chote cha picha ya bure ya angani ni umri wa kijana mmoja. Ni muda mfupi kwa nchi kuzoea kitu kisha kukubali kibadilishwe, na nadhani ndiyo sababu mjadala wenyewe ulikuwa mdogo. Wengi walichukulia king'amuzi kuwa toleo jipya la televisheni, kama vile televisheni bapa ilivyochukua nafasi ya televisheni ya chogo.

Kilichofanyika angani kinaeleweka bila kwenda chuo. Katika analojia, kituo kimoja hupewa kipande cha masafa chenye upana wa megahezi 8 na kukikalia peke yake usiku na mchana, hata kikiwa kinaonyesha saa ya ukutani na muziki wa kungojea matangazo. Ni sawa na barabara nzima kufungwa ili apite abiria mmoja ndani ya lori. Dijitali huwapakia abiria kumi na kitu, hata ishirini, kwenye basi moja na kulipitisha kwenye barabara ile ile. Picha hugeuzwa kuwa tarakimu, kisha hubanwa. Ukuta ulio nyuma ya msomaji wa habari haubadiliki, kwa hiyo hakuna haja ya kuutuma upya mara 25 kwa sekunde. Hutumwa kilichosogea tu, midomo, mkono, maandishi yanayopita chini. King'amuzi sebuleni huzipokea tarakimu hizo, hurekebisha zilizoharibika njiani, na kuijenga picha tena.

Marekebisho hayo yana mpaka, na hapa pana jambo ambalo wanunuzi wengi hawakuambiwa. Analojia ilikuwa ikidhoofika taratibu. Ukiwa mbali na mnara picha ilijaa chenga, sauti ikakwaruza, lakini mpira uliuona na habari uliisikia. Mtu alipanda juu ya paa, mwenzake akasimama dirishani kumwambia azungushe antena kidogo, na mambo yakaenda. Dijitali haijui nusu nusu. Mawimbi yakitosha, picha ni safi kama uko studio. Yakipungua kidogo tu chini ya kiwango, picha inakatika vipande, inaganda, kisha kioo kinakuwa cheusi. Kwa mtu wa Sinza au Ilemela hilo si tatizo. Kwa kaya zilizo kwenye mabonde ya Lushoto au nyuma ya mgongo wa Uluguru, ambako mlima wenyewe unasimama kati ya nyumba na mnara, tofauti hiyo ni kubwa. Picha mbaya iliyokuwa ikiwafikia ilikuwa bora kuliko picha nzuri isiyofika kabisa.

Uamuzi wa kuhama haukuzaliwa Dodoma wala Dar es Salaam. Mwaka 2006 nchi za Ulaya, Afrika, Mashariki ya Kati na Iran zilikutana Geneva chini ya Shirika la Mawasiliano la Kimataifa, ITU, zikagawana upya masafa ya televisheni na kukubaliana kwamba baada ya Juni 17, 2015 analojia katika masafa ya UHF haitalindwa tena dhidi ya mwingiliano wa nchi jirani. Maana yake ni kwamba nchi ingeweza kubaki na analojia ikitaka, ila jirani akiwasha mtambo wa dijitali unaoivuruga, isingekuwa na pa kushtaki. Kwa nchi iliyopakana na nchi nane kama yetu, kubaki nyuma kungekuwa ghali.

Geneva haikuagiza biashara ipangweje. Hilo tulilipanga wenyewe, na ndilo lililozaa hali tuliyonayo. Enzi za analojia kituo kilitengeneza kipindi na pia kilimiliki mnara wa kukirusha. TCRA ilitenganisha kazi hizo mbili: vituo vikabaki na vipindi, na urushaji ukapewa kampuni chache zenye leseni ya kujenga mitambo ya pamoja. Star Media, ambamo StarTimes ya China ina hisa 65 kwa mia na TBC 35, ilikuwa mojawapo. Nyingine zilikuwa Agape Associates na Basic Transmission. Kwa upande wa uhandisi mpangilio huo una akili. Mnara mmoja unabeba vituo vingi, na anayetaka kuanzisha kituo hahitaji kununua mlima.

Kwa upande wa mtazamaji, mambo yalienda mrama mahali pamoja. Kampuni iliyopewa jukumu la kumfikishia picha ya bure ndiyo hiyo hiyo iliyokuwa ikimuuzia vifurushi. King'amuzi alikinunua kwake, kikiwa na kadi yake, na kikifungua masafa yake tu. Ukihamia kwa mshindani unaanza upya na kifaa kipya. Kampuni hiyo haina kinachoivuta itangaze kwa sauti kubwa kwamba unaweza kukaa mwaka mzima bila kulipa na bado ukaona chaneli za taifa. Katika mitaa mingi nimekutana na watu walioamini kwamba kifurushi kikiisha televisheni inakufa, hivyo wanaizima na kusubiri mwisho wa mwezi.

Sheria haikusema hivyo. Masharti ya leseni yaliwataka warushaji wa minara wabebe chaneli tano, yaani TBC1, ITV, Star TV, Channel Ten na EATV, na waziache wazi hata kwa asiyelipa. Ndiyo ahadi kubwa iliyotolewa kwa wananchi wakati wa kampeni ya kuhama, na binafsi naiona kuwa kifungu chenye thamani kuliko vyote katika zoezi zima. Mengine, picha safi, chaneli nyingi, orodha ya vipindi kwenye kioo, yangekuja yenyewe kwa sababu yana soko. Chaneli ya bure haina soko. Inaishi kwa sababu dola imeamuru iwepo.

Wenzetu walioanza mapema waliona kwamba amri peke yake haitoshi, lazima na mfuko ufunguke. Marekani, kabla ya kuzima Juni 12, 2009, ilimruhusu kila mwenye kaya kuomba hadi hati mbili za punguzo, kila moja ya dola 40, akanunue kifaa cha kupokelea. Uingereza, iliyomaliza Oktoba 2012, iliendesha mpango wa kuwasaidia wazee waliofikisha miaka 75 na watu wenye ulemavu: kifaa, kufungiwa nyumbani, na maelekezo ya namna ya kukitumia. Huku kwetu bibi wa Temeke aliyekuwa na televisheni ya chogo aliambiwa tu anunue. Wauzaji wengine walimshawishi kwamba televisheni yenyewe nayo imepitwa na wakati, ilhali nyingi kati ya hizo zilikuwa na matundu ya njano, nyekundu na nyeupe yanayotosha kabisa kupokea king'amuzi. Televisheni nzima nzima zikatupwa au kuuzwa kwa bei ya chuma chakavu. Kioo cha chogo kina risasi ndani yake, madini yenye sumu, na sikumbuki kampeni iliyomwambia mtu aipeleke wapi.

Wenye vituo nao waliumia. Mapema mwaka 2013 chama cha wamiliki wa vyombo vya habari, MOAT, kilichokuwa chini ya marehemu Reginald Mengi, kililalamika kwamba watazamaji wamepungua na watangazaji wa biashara wamefuata mkumbo. Hesabu yao ilikuwa nyepesi: kila nyumba isiyo na king'amuzi ni jicho lililopotea, na mfanyabiashara wa sabuni analipia macho. Serikali ilisimama kwenye ratiba.

Kenya ilikwenda kwa njia ya mahakama, na kisa chake kinafaa kusimuliwa kwa urefu kidogo kwa sababu kiliweka wazi kile ambacho kwetu kilipita kimya kimya. Rais Mwai Kibaki alizindua urushaji wa dijitali Desemba 2009. Leseni ya kwanza ya kusambaza ikaenda kwa Signet, kampuni tanzu ya shirika la utangazaji la taifa, KBC, na ya pili, mwaka 2011, kwa kampuni ya Kichina ya Pan African Network Group. Wamiliki wa vyombo vya habari Nation Media na Royal Media, walioungana kuomba leseni hiyo, waliikosa. Walikuwa wamejenga minara yao kwa miaka mingi, na sasa walitakiwa wapeleke vipindi vyao kwa mtu mwingine awarushie. Walikwenda mahakamani pamoja na Standard. Machi 2014 Mahakama ya Rufani iliwapa ushindi mkubwa, na Septemba mwaka huo huo Mahakama ya Juu ikaubatilisha kwa sehemu kubwa. Februari 13, 2015 mahakama hiyo ilikataa tena kuwaongezea muda, na siku iliyofuata maofisa wa Mamlaka ya Mawasiliano wakisindikizwa na polisi wakazima mitambo yao ya analojia. NTV, KTN, Citizen na QTV zikatoweka hewani kwa zaidi ya wiki mbili, kwa sababu wamiliki walikataa kubebwa na wengine hadi mitambo ya kampuni yao ya pamoja iwe tayari.

Wakenya wengi waliipokea kama vita ya mabwanyenye na serikali, na kwa kiasi fulani ilikuwa hivyo. Lakini swali lililobishaniwa lilikuwa la kila mmoja: anayeshika mnara anaweza kumfunga mdomo anayetengeneza habari? Mahakama za Kenya ziliandika kurasa nyingi kuhusu swali hilo, zikitaja katiba na uhuru wa vyombo vya habari. Mwishowe Kenya ilipata msambazaji wa tatu anayemilikiwa na vyombo vya habari vyenyewe, na masokoni vikaenea ving'amuzi vya kununua mara moja bila malipo ya mwezi. Ilipita njia ndefu yenye miiba, ila mtazamaji wa Kakamega aliishia na hiari ambayo mwenzake wa Kahama hakuipata kwa urahisi huo.

Huku kwetu swali la picha ya bure lilirudi mwaka 2018, kwa sura ambayo wachache waliitarajia. Miaka hiyo ungo ulikuwa umeenea. Azam TV, iliyoanza mwishoni mwa 2013 na kurusha kwa setilaiti, ilifika hata kule ambako minara haifiki, ikiwa na Ligi Kuu, sinema za Kiswahili na, pamoja na hizo, chaneli za nyumbani. Agosti 2018 chaneli hizo za bure ziliondolewa kwenye ving'amuzi vya Azam, DStv na Zuku. TCRA ilieleza kwamba leseni za kampuni za setilaiti hazikuwaruhusu kubeba chaneli zilizopewa hadhi ya bure, na hoja yake ilikuwa na mantiki: mtu hatakiwi kulipia kifurushi ili aone kitu kilichoahidiwa kuwa bure, kisha kifungwe pesa ikiisha. Kwa mkazi wa Dar es Salaam suluhisho lilikuwa kununua king'amuzi cha pili cha antena. Mkazi wa kijiji kisichofikiwa na mnara wowote alikuwa na ungo peke yake. Kanuni iliyotungwa kumlinda ikamwondolea chaneli za bure.

Naamini TCRA ilikuwa sahihi kuhusu kanuni na ilikosea kuhusu mpangilio. Kama dola imeamua kwamba chaneli fulani ni haki ya kila kaya, haki hiyo haiwezi kuishia pale mnara unapoishia. Ilipaswa kuwabana watu wa setilaiti waziache chaneli hizo wazi siku zote, kadi ikiwa hai au imekufa, au serikali ikodi nafasi kwenye setilaiti na kuzirusha yenyewe bila kufungwa, ili ungo wowote na kipokezi chochote cha bei nafuu kizinase. Nchi kadhaa za Ulaya hufanya hivyo na hakuna muujiza wa kiufundi ndani yake.

Pesa za kazi hiyo zinatoka wapi? Zinatoka pale pale. Basi moja lilipochukua abiria wa malori ishirini, barabara nyingi zilibaki tupu, na masafa hayo yaliyoachwa na televisheni ni mali. Mawimbi ya megahezi 700 na 800 husafiri mbali na hupenya kuta vizuri, ndiyo maana kampuni za simu huyagombea kwa ajili ya intaneti ya 4G. Juni 2018 TCRA ilipiga mnada vipande vya megahezi 700, na Vodacom na Azam Telecom ndio walioshinda, wakitoa mamilioni ya dola. Miezi miwili tu baadaye chaneli za bure zikaondoka kwenye ungo. Sidai kwamba jambo moja lililisababisha lingine. Nasema kwamba masafa yaliyouzwa yaliachwa wazi na kaya zilizolazimika kununua ving'amuzi, na ni halali kaya hizo kuuliza ni sehemu gani ya mapato hayo iliyorudi kuimarisha picha ya bure.

Yapo mengi mazuri yaliyokuja, na kuyanyamazia kungekuwa dhuluma. Kiswahili kimepata kioo ambacho analojia isingeweza kukipa. Njia ilianza kufunguka hata kabla ya analojia kuzimwa: tamthilia ya Kichina ya Mao Doudou iliyotiwa sauti za Kiswahili ilirushwa TBC na kupendwa kiasi kwamba Rais Xi Jinping aliitaja katika hotuba yake Dar es Salaam Machi 2013. Baada yake zikaja za Kituruki, za Kihindi, na kubwa zaidi, za kwetu. Ligi Kuu, ambayo zamani ilionekana kwa bahati, sasa ina mkataba wa miaka 10 na Azam wenye thamani ya Sh225.6 bilioni, uliotiwa saini mwaka 2021. Waigizaji, wapiga picha, watafsiri na watangazaji wa mpira wanaishi kwa pesa hizo, na klabu ya Mbeya au Kagera inasafiri kwa mgawo wake. Televisheni ya kulipia imefanya kilichotarajiwa kwa mfanyabiashara hodari: imepeleka burudani kwa anayeweza kuinunua. Asiyeweza kuinunua huenda kibanda umiza, chumba cha mtaani cha kutazama kwa kiingilio.

Kuna mkutano mwingine mbele yetu. Mwishoni mwa 2023 nchi za dunia zilikutana Dubai na, pamoja na mengine, zikajadili masafa ya megahezi 470 hadi 694, ambayo ndiyo yaliyobaki mikononi mwa televisheni za minara. Kampuni za simu zinayataka na hayo. Kwa sehemu yetu ya dunia suala hilo limepangiwa kurudi mezani mwaka 2031. Hoja ya upande wa pili inajulikana tayari: vijana wanatazama kwenye simu, antena zimekufa, kwa nini masafa yakae bure? Atakayekwenda kutuwakilisha atahitaji kujibu kwa hesabu: kaya ngapi hutazama kwa antena, ngapi kwa ungo, ngapi hukaa na kadi iliyoisha muda na bado hutazama TBC1 kila siku saa mbili usiku, na ngapi hazipati chochote. TCRA inaweza kuanza kukusanya hesabu hiyo mwaka huu, mkoa kwa mkoa, na kuichapisha. Wakati inafanya hivyo, iwalazimishe wauzaji waandike juu ya kila boksi la king'amuzi, kwa Kiswahili na kwa herufi kubwa, orodha ya chaneli ambazo kifaa hicho kitaonyesha bila mnunuzi kulipa hata shilingi moja.